Hita mpya inanuka: harufu ya kuvumilia na harufu ya kuzimia umeme

"Shikamoo mtaalamu. Niko Uyole, Mbeya, nina mtoto wa miezi minne. Mwezi huu wa sita baridi imetuzidi, baba watoto akanunua hita ya umeme ya ukutani, wati 2000, yenye feni ndani. Fundi amekuja kuifunga chumbani kwetu, kwenye ukuta tulioupaka rangi ya mafuta wiki tatu tu kabla. Siku ya kwanza ilinuka kama vumbi linaloungua na kutoa moshi kidogo, fundi akasema itaisha yenyewe. Kweli ikapungua. Lakini tangu wiki iliyopita kuna harufu nyingine, kama samaki aliyelala. Inaanza baada ya saa nzima hivi ya kuwasha, na inasikika zaidi upande wa kabati kuliko kwenye hita. Nimetafuta panya aliyekufa, sijamwona. Soketi iko mbali, kwa hiyo tunatumia ekstensheni inayopita nyuma ya kabati. Baba watoto anapuliza marashi ya chumbani. Mama mkwe anasema hita inakula hewa na kumkausha mtoto pua, bora turudi kwenye jiko la mkaa, maana mkaa ukishashika vizuri hauna moshi. Je, harufu hii inamdhuru mtoto? Tuirudishe hita dukani?"

Marahaba, mama. Kabla hujasoma zaidi ya hapa, nenda ukazime hita, kisha zima swichi ya soketi ya ukutani ambamo ekstensheni imechomekwa. Plagi ikiwa ya moto usiivute. Zima mein swichi ya nyumba kwanza, iache ipoe, ndipo uichomoe. Ekstensheni hiyo isitumike tena leo, hata kwa kuchajia simu. Ukimaliza rudi tuzungumze. Mengine yote yanaweza kungoja.

Ulichoniandikia ni harufu zaidi ya moja, na ndiyo maana majibu unayopewa hapo nyumbani yanagongana. Ya siku ya kwanza ni ya hita yenyewe, na fundi wako alisema kweli kuhusu hiyo. Kuna nyingine ambayo pengine ni ya ukuta. Hii ya samaki, kwa jinsi ulivyoieleza, karibu nina hakika haitoki kwenye hita kabisa. Kilichotokea ni kwamba jibu la harufu ya kwanza, "itaisha yenyewe", limebebwa likatumika kwa harufu isiyohusika nalo. Halafu kuna hatari ambayo hukuiuliza kwa kuwa yenyewe hainuki, nayo ndiyo inayonitisha kuliko zote. Nitaifikia nikimjibu mama mkwe.

Tuanze na ile ya siku ya kwanza. Ndani ya hita kuna koili ambayo umeme hupita kwa shida, na shida hiyo ndiyo inayozaa joto. Ikishashika kasi, koili hufika nyuzi joto mia kadhaa. Sasa fikiria imetoka wapi. Kiwandani vyuma hupakwa mafuta membamba visishike kutu safarini. Mota ya feni ina vanishi kwenye waya zake, na bodi ya nje ina rangi. Vitu vyote hivyo havijawahi kuonja joto la kazi mpaka siku ile ulipobonyeza swichi. Wenzangu wa Kyela watanielewa haraka nikisema hita mpya ni kama chungu kipya cha Wakisi kutoka Ikombe: hukinunui Matema asubuhi ukakipikia wageni mchana. Unakiosha, unakichemshia maji, unakizoeza moto kwanza. Hita nayo inahitaji kuzoezwa, ila wauzaji wengi hawasemi, na karatasi ya maelekezo inabaki kwenye boksi.

Juu ya mafuta ya kiwandani kuna vumbi. Vumbi la chumbani si udongo mtupu. Lina nyuzi za blanketi, nywele, vipande vidogo vya ngozi zetu. Likikaa kwenye koili iliyopoa hulioni. Koili ikipata moto linaungua, na pua inanasa mara moja. Kwa hiyo usishangae mwakani mwezi wa tano ukiitoa hita mapumzikoni ikanuka tena kwa dakika kadhaa. Huku kwetu kiangazi kina vumbi la kutosha kuijaza hita yoyote isiyofunikwa.

Jambo ambalo watu hulikosea hapa ni kuhesabu siku badala ya saa. Harufu ya upya huisha kwa saa za kuwaka. Anayewasha dakika ishirini kila usiku, kisha anazima kwa kuihofia LUKU, anaweza kunusa harufu ile ile wiki tatu nzima na kuamini hita ni mbovu. Angeiwasha saa mbili au tatu mfululizo siku moja, habari ingekuwa imeisha. Kama hamkufanya hivyo, mtafanya baada ya kurekebisha suala la umeme nitakalolieleza hapa chini. Chagueni mchana wenye jua. Mtoto na bibi yake wawe sebuleni au nje, madirisha na mlango wa chumba viwe wazi. Kabla ya kuwasha, hita ikiwa imezimwa kabisa na baridi, iangalieni kwa tochi. Nimewahi kukuta kipande cha povu la boksi kimebaki nyuma ya wavu, na mara nyingi nakuta ile nailoni nyembamba ya kulinda rangi haijabanduliwa, au stika ya bei iko pale pale inapotoka hewa ya moto. Futeni vumbi kwa brashi kavu. Halafu washeni kwa kiwango cha juu kabisa, mtu mzima akae karibu, saa mbili hadi tatu. Harufu itapanda, itafika kileleni, itaanza kushuka. Moshi mwembamba wa dakika za mwanzo ni wa kawaida. Moshi unaozidi kadiri muda unavyokwenda si wa kawaida, zimeni.

Umeuliza kama inamdhuru mtoto. Mimi ni mtu wa umeme, sitajifanya daktari wa watoto, lakini naweza kukueleza kinachoelea hewani: ni moshi wa mafuta na vumbi vilivyoungua, kwa kiasi kidogo na kwa muda mfupi. Mtu mzima huwashwa koo au macho kidogo, basi. Kifua cha mtoto wa miezi minne ni kidogo na bado kinajengeka, kwa hiyo sipendi awe ndiye anayejaribiwa hita. Kama siku zile za mwanzo alikuwa chumbani, akapiga chafya mbili na sasa ananyonya na kulala kama kawaida, usijilaumu. Kama anakohoa, anapumua haraka au kifua kinatoa mlio, mpeleke kituo cha afya leo, bila kusubiri kujua kama ni hita au ni mafua ya Juni.

Kuhusu ukuta sitasema mengi. Rangi ya mafuta hukauka juu mapema, lakini ndani yake inaendelea kukomaa kwa wiki kadhaa, na joto huifukuza ile harufu itoke kwa kasi. Wiki tatu ni chache. Ukisogeza pua ukutani juu ya hita, ikiwa moto, na kunusa rangi hasa, umepata jibu: fungua madirisha mchana, vumilia, itakwisha. Kabati jipya la mbao za kugandishwa kwa gundi nalo hutoa harufu kali zaidi chumba kikipata joto. Hakikisheni tu hita haiko karibu sana na pazia wala dari, na kwamba fundi aliacha nafasi iliyoandikwa kwenye maelekezo. Ukuta ukiwa wa njano au kahawia juu ya hita, iko karibu mno.

Baba watoto naye aache marashi. Najua anafanya kwa nia njema. Lakini makopo mengi ya kupuliza husukumwa na gesi inayoshika moto, na kupuliza mbele ya koili nyekundu ni mchezo mbaya. Zaidi ya hapo, pua zenu ndicho kipimo pekee mlicho nacho chumbani humo. Mkizijaza harufu ya waridi, mtajuaje waya unapoanza kuungua?

Sasa samaki.

Plastiki zinazotumika kutengenezea soketi, plagi na swichi nyingi zina kemikali ambazo zikipata joto kupita kiasi hutoa harufu ambayo watu huieleza kwa namna mbili: samaki aliyelala, au mkojo. Ganda la waya likiiva nalo hutoa harufu yake. Mtu asiyejua hutafuta panya. Nami nimewahi kumtafuta. Miaka ya mwanzo ya kazi niliitwa kwenye nyumba ya wageni Njombe kwa sababu ya bomba la mvua la maji moto, na mhudumu akanilalamikia pembeni kwamba korido inanuka dagaa tangu juzi. Tukacheka, tukamlaumu mpishi, nikatengeneza kilichoniita nikaondoka. Siku mbili baadaye nikapigiwa simu: soketi ya friji kwenye korido ile ile imeyeyuka mpaka ukutani. Hakuna aliyeumia, lakini nilikuwa nimepita mita mbili kutoka hapo nikiwa na testa mfukoni. Tangu hapo nikiambiwa nyumba inanuka samaki, swali langu la kwanza ni kama kuna mtu amenunua samaki.

Dalili zako zinafuata njia hiyo hiyo. Harufu iko upande wa kabati, yaani ilipo ekstensheni. Inaanza baada ya saa nzima, kwa sababu joto hujikusanya polepole mahali lilipofichwa. Na ilianza wiki iliyopita tu, wakati harufu ya upya ilikuwa imeshapungua.

Hesabu yake ni hii. Hita ya wati 2000 kwenye umeme wetu wa volti 230 inavuta karibu ampea 8.7. Soketi yetu ya miguu mitatu imetengenezwa kwa ampea 13, kwa hiyo soketi nzuri ya ukutani inaibeba bila shida. Ekstensheni nyingi za bei nafuu hazijatengenezwa kwa mzigo huo. Ndani zina waya mwembamba, mara nyingi wa milimita 0.75 za mraba, unaofaa kwa ampea kama sita: redio, televisheni, taa, chaja. Ukiipitishia 8.7 kwa saa nne, tena imebanwa nyuma ya kabati pasipo hewa, lazima ipate moto. Ikiwa imekunjwa kwenye koili yake, ndiyo hatari zaidi, kwa sababu kila mzunguko unampasha mwenzake.

Lakini waya wenyewe mara nyingi si wa kwanza kuiva. Kinachotangulia ni viungo: pale mguu wa plagi unapogusa bamba la shaba ndani ya soketi. Bamba likilegea, mguso unakuwa mdogo na ukinzani, yaani ugumu wa umeme kupita, unaongezeka. Chukulia ni nusu omu tu, kitu ambacho jicho halioni. Umeme wa ampea 8.7 ukipita hapo unazalisha karibu wati 38. Ni kama umechukua balbu ya zamani ya wati 40, ukaifungia ndani ya plastiki, ukaisukuma nyuma ya kabati lenye nguo. Joto hulegeza bamba zaidi, ukinzani unapanda, joto linapanda tena. Ndiyo maana haliishi lenyewe.

Utaniuliza, mbona saketi breka haijajikata? Nasikia swali hili kila msimu wa baridi, na ndilo linalowapa watu moyo wa kulala. Breka inapima umeme mwingi kiasi gani unapita. Haina habari ya joto la soketi. Kwa hesabu yake, ampea 8.7 ni mzigo wa halali kabisa, na kiungo kinaweza kuyeyuka kikawaka moto breka ikiwa imetulia tuli. Fyuzi ya ndani ya plagi vivyo hivyo. Wengine husema ni umeme mdogo wa jioni ndio unaounguza. Hiyo ni kweli kwa friji na pampu, vitu vyenye mota kubwa; kwa hita, volti zikishuka hata ampea hushuka, na kinachopungua ni joto lako tu.

Kwa hiyo fanya hivi mchana, umeme wa chumba ukiwa umezimwa. Vuta kabati. Angalia plagi, soketi ya ukutani na vichwa vyote viwili vya ekstensheni. Unatafuta alama za kahawia au nyeusi kuzunguka matundu, plastiki iliyolegea umbo, mguu wa plagi uliobadilika rangi. Nusa kwa karibu. Ukishaipata harufu hiyo chanzoni hutahitaji kuambiwa. Kama alama iko kwenye ekstensheni peke yake, una bahati, maana inatupwa na hadithi inaishia hapo. Kama iko kwenye soketi ya ukutani, usiichomeke kitu kingine na usiifungue mwenyewe. Ita fundi.

Na usiite yule anayepita. Umeme wa ndani ya nyumba ni wajibu wako na wa fundi wako. Kazi ya TANESCO inaishia kwenye mita. Mafundi wa umeme hupewa leseni na EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, na si utovu wa adabu kumwomba fundi akuonyeshe yake. Mwambie unataka mambo mawili. La kwanza, soketi mpya karibu na hita, yenye waya wa milimita 2.5 za mraba unaotoka moja kwa moja kwenye mein swichi ukiwa na breka yake ya ampea 16 au 20, usiounganishwa kwenye waya wa taa. Waya wa taa kwa kawaida ni wa milimita 1.5, na nimekuta hita zimedandia huko mara nyingi kuliko ninavyopenda kusema. La pili, apime ethi, ule waya unaopeleka umeme uliovuja ardhini. Hita yenye bodi ya chuma bila ethi nzuri inaweza kumpiga shoti mtu anayefuta vumbi. Gharama ipo, ndiyo, lakini ukilinganisha na bei ya hita yenyewe haitakushtua.

Ikibidi kutumia hita usiku mmoja au miwili kabla fundi hajaja, ihamishie kwenye soketi nyingine nzima ya ukutani kama inawezekana, bila ekstensheni, kwenye kiwango cha wati 1000. Umeme unapungua nusu, na joto la kwenye viungo linashuka mara nne. Baada ya nusu saa gusa plagi kwa mgongo wa mkono: uvuguvugu si neno, ikikufanya uondoe mkono, zima. Kwa kuwa yako imefungwa ukutani huenda haihamishiki, basi usiku huo tumieni mablanketi. Hita haina haraka.

Nimfikie mama mkwe, na mfikishie salamu zangu za heshima, kwa sababu malalamiko yake yana chembe ya ukweli. Hita ya umeme haili hewa. Hakuna kinachowaka ndani yake. Koili hupata joto tu, na hewa iliyoingia ndiyo hiyo hiyo inayotoka. Ila pua ya mtoto inaweza kweli kukauka. Hewa ya nyuzi 10 iliyojaa unyevu, ukiipasha mpaka nyuzi 20 bila kuongeza maji, inabaki na unyevu wa karibu nusu ya ule inaoweza kubeba. Maji hayajaondoka, hewa imepata kiu. Dawa yake ni kutopasha chumba kupita kiasi, kuacha upenyo mdogo dirishani, na ukipenda, bakuli la maji mbali na hita. Juu ya hita, kamwe. Nepi na mashuka nayo yakaushiwe kwingine. Kitu chochote kinachoshika moto kikae mita moja kutoka hapo.

Lakini kuhusu jiko la mkaa, hapana, na hapa naomba usimwonee haya mkweo. Mkaa uliokwisha kushika, mwekundu, usio na moshi, ndio unaotoa kaboni monoksaidi kwa wingi. Gesi hii haina rangi, haina harufu, haikwaruzi koo. Ikiingia mapafuni hujishikiza kwenye damu kwa nguvu inayoizidi oksijeni zaidi ya mara mia mbili, na damu inabaki inazunguka bila kubeba kitu. Mtu anahisi kichwa kinauma, kizunguzungu, kichefuchefu, kisha usingizi mzito. Wengi hudhani ni malaria au uchovu, wanajilaza, hawaamki. Sufuria ya maji juu ya jiko haiiondoi, majivu hayaiondoi. Huku juu tunaongeza mambo mawili: madirisha tunayafunga tukiziba hata nyufa kwa matambara, na hewa ya Mbeya ni nyepesi kuliko ya Dar kwa karibu asilimia 15, kwa hiyo chumba kina oksijeni pungufu tangu mwanzo. Mama mkwe amelala na jiko miaka mingi na yuko hai, ndiyo. Nyumba za zamani za nyasi na dari wazi zilikuwa zinapumua. Chumba chenu chenye dari, vioo na mlango unaobana hakipumui. Mkaa ubaki jikoni au uani, hata ukionekana umezimika.

Kuhusu kuirudisha dukani: sioni sababu bado. Rekebisha umeme kwanza, izoeze moto kama nilivyoeleza, ndipo uihukumu. Kama ikiwa kwenye soketi nzuri, baada ya saa sita au nane za kuwaka kwa jumla, bado inanuka plastiki pale pale kwenye wavu wake, au feni inakwaruza, au inajizima na kujiwasha ovyo, basi rudi dukani na risiti. Usikubali kuifungua mwenyewe ukapoteza dhamana.

Ukipewa nafasi ya kubadilisha, hita ya mafuta yenye mapezi ni tulivu zaidi kwa chumba cha mtoto. Uso wake hauwi na joto kali la koili, kwa hiyo vumbi haliungui sana na harufu ni ndogo. Mafuta yake yamefungiwa, hayaongezwi wala hayapungui; ukiona tone sakafuni, hiyo ni mbovu. Ubaya wake ni kwamba inachelewa kupasha, na wati zake ni zile zile, kwa hiyo ekstensheni ile ile ingeiva vile vile. Hita ya gesi siishauri chumba cha kulala. Jiko la chuma la kuni lenye bomba linalotoka nje ya paa ninalipenda, na kwa watu wa Makete na Mafinga wenye kuni karibu lina maana, lakini ni la sebuleni, linataka fundi anayejua bomba, na moto wake wa kwanza hunuka rangi kuliko hita yako yote.

LUKU nayo uipigie hesabu mapema. Wati 2000 kwa saa moja ni uniti mbili. Saa nne kila usiku ni uniti 240 kwa mwezi. Ndiyo maana nawaambia watu wazibe kwanza upepo wa chini ya mlango na tundu za dari, halafu wapashe chumba saa moja kabla ya kulala na kuzima. Mtoto aliyevikwa vizuri hahitaji chumba kiwe na joto kama la Kyela.

Kuna hali ambazo hutakiwi kuniandikia wala kusubiri asubuhi. Harufu ya samaki ikirudi hata ekstensheni ikiwa imeondolewa, taa zikicheza kila hita inapowaka, ukisikia mlio wa cheche ukutani, au ukihisi mkono unapigwa ukigusa bodi ya hita: zima mein swichi, ita fundi usiku huo huo. Harufu ikiwa kwenye mita au kwenye waya unaotoka kwenye nguzo, hiyo ni ya TANESCO, piga 180. Ukiona moto, toeni watu kwanza, zima mein swichi kama iko njiani, usimwage maji kwenye umeme, piga 114 kwa Zimamoto. Na kama jiko la mkaa lilishaingia chumbani na mtu ameamka na kichwa kizito au mtoto analegea, toka naye nje kwenye hewa, halafu hospitali moja kwa moja, na uwaambie wauguzi kwamba kulikuwa na mkaa. Wasipoambiwa wanaweza kuanza na kipimo cha malaria.

Hiyo ekstensheni, kabla ya kuitupa, ikate waya karibu na plagi. Ukiitupa nzima jalalani, jioni utaikuta kwa jirani inawasha pasi.